Mkitoa Albamu Wenyewe, Nyinyi Ndio Lebo

Bendi changa ikisema itatoa albamu yenyewe, mara nyingi inachosema hasa ni kwamba haina lebo. Lakini lebo kutokuwepo hakufuti kazi za lebo. Lazima awepo wa kulipia studio, wa kutunza karatasi za umiliki, wa kupanga tarehe, wa kupeleka nyimbo kwenye majukwaa, wa kuwapigia simu watangazaji, wa kupokea fedha na kuzigawa. Msipoketi mkapangiana kazi hizo mapema, zote zitamwangukia mmoja wenu, kwa kawaida yule mpole asiyejua kukataa, na kabla albamu haijatimiza mwaka atakuwa ameichoka bendi yenyewe.

Nawaandikia nyinyi mlio katika hatua hiyo: watu wanne au watano, gita, besi, drams na kinanda, nyimbo mlizotunga wenyewe, mashabiki wachache lakini wanaowafuata kila mnakopiga. Kupiga mnajua, hilo silifundishi. Ninachotaka mkishike ni kimoja: rekodi mtakayoitoa itaishi miaka mingi kuliko bendi yenu, na kila uamuzi mtakaoufanya kuanzia leo upimwe kwa hilo.

Tazameni wenzenu. Sauti Sol ya Nairobi ilitoa albamu zake mbili za kwanza, Mwanzo na Sol Filosofia, chini ya Penya Africa. Ya tatu, Live and Die in Afrika ya Novemba 2015, waliitoa wenyewe, na kwa muda mfupi wakawaachia mashabiki waipakue bure mtandaoni. Mwaka 2023 wakatangaza kwamba kila mmoja anashika njia yake, ilhali "Sura Yako" ingali inachezwa harusini. Just A Band, ambao nao walianzia Nairobi wakiwa wamekutana Chuo Kikuu cha Kenyatta, walitoa Scratch to Reveal mwaka 2008 na 82 mwaka 2009. Mwaka 2012 mmoja wa waanzilishi, Jim Chuchu, akaondoka. Kule Marekani, Clap Your Hands Say Yeah walitoa albamu yao ya kwanza mwaka 2005 bila lebo yoyote. Jarida la Pitchfork likaisifu sana, na vijana wale wakajikuta wanahangaika kufunga CD kwenye bahasha na kuziposti kwa mikono yao. Leo jina la bendi lipo, mwimbaji Alec Ounsworth yupo, wenzake alioanza nao wameshaondoka.

Siyataji haya ili kuwavunja moyo. Watu huoa, huhama, hubadilika ladha, hupata kazi za kudumu, na hilo ni jambo la kawaida kabisa. Swali ni nani atalipwa, na kiasi gani, mpiga gita akishakuwa anaishi Muscat au Minneapolis, na wimbo mliourekodi pamoja ukatakiwa na mtengeneza filamu. Swali hilo lijibiwe sasa, mkiwa bado mnachangia sahani moja ya chipsi baada ya mazoezi.

Kwa hiyo anzeni na karatasi, kabla ya studio.

Kila wimbo mtakaorekodi una mali mbili ndani yake. Ya kwanza ni utunzi: mashairi na melodia, kitu ambacho mtu mwingine anaweza kukiimba upya kesho kwa sauti yake. Ya pili ni rekodi yenyewe, ile tunayoiita masta. Mali hizi zina wamiliki wake, mirabaha yake na vyama vyake vya kukusanya, na zinaweza kuwa za watu tofauti kabisa. Enzi za kanda, wasanii wengi waliuza masta kwa wasambazaji kwa fedha ya mkupuo, wakafa bila kupata tena hata senti, huku nyimbo zao zikiendelea kuuzwa mitaani. Masta zikiwa zenu, mna kitu cha kukodisha, cha kuwekea dhamana, cha kurithisha.

Sheria ya hakimiliki ya Kenya inamtambua kuwa mwenye rekodi yule aliyefanya maandalizi ya kurekodi. Ikitokea mzozo, itaulizwa nani aliandaa: nani alikodi studio, nani aliwalipa wapigaji, nani alisimamia. Kwa sababu hiyo tunzeni risiti zote na ujumbe wote wa malipo ya simu, na msiridhike na hizo peke yake. Kabla ya kuingia studio, andikianeni na prodyuza barua ya ukurasa mmoja inayosema kwamba mmemlipa kiasi fulani kwa kazi fulani, kwamba masta ni mali ya bendi, na kwamba yeye atapata asilimia fulani ya mapato, au hatapata, kadiri mlivyokubaliana. Prodyuza aliyetunga biti au sehemu ya melodia ni mtunzi mwenzenu, na hilo pia liandikwe. Nimeshuhudia bendi nzuri ikikaa mwaka mzima na albamu iliyokamilika isiyoweza kutoka, kwa sababu mwenye studio aliamini nusu ni yake na wao waliamini wamemlipa wakamaliza. Kila upande ulikuwa mkweli. Hawakuwa wameandika.

Kisha nyinyi kwa nyinyi. Njia ninayoipenda ni ya kizamani: daftari la shule, lenye mistari, linalokaa kwenye begi la vyombo. Wimbo ukishakamilika mazoezini, kabla hamjazima amplifaya, fungueni ukurasa mpya. Juu andikeni jina la wimbo na tarehe. Chini yake majina kamili ya watunzi kama yalivyo kwenye vitambulisho, mbele ya kila jina asilimia yake, na jumla ifike 100. Kila mmoja atie sahihi. Mmoja apige picha ukurasa ule na kuutuma kwenye kundi lenu la WhatsApp hapo hapo. Kazi yote haizidi dakika tano. Mkisubiri wimbo uwe maarufu ndipo muulize nani alileta kile kiitikio, kila mtu atakuwa na kumbukumbu yake, na kila kumbukumbu itakuwa ya kweli kwa mwenyewe.

Asilimia zenyewe mtaamua nyinyi. Wapo wanaogawa kwa kadiri ya mchango, mashairi nusu na melodia nusu, na wapo wanaogawa sawa kwa sawa. Kwa albamu ya kwanza ya bendi, mimi nasimama upande wa kugawa sawa. Mpiga drams ambaye hakuandika neno hata moja ndiye mara nyingi aliyeufanya wimbo utembee, na bendi inayobishania asilimia saba za wimbo ambao haujaingiza chochote imeshaanza kuvunjika. Ila kama mmoja wenu anatunga kila kitu peke yake nyumbani, na wengine wanajifunza tu sehemu zao, msimnyime haki yake kwa jina la umoja. Mpeni utunzi wake, mgawane sawa masta.

Ongezeni kurasa mbili za mwisho kwenye daftari hilo. Moja iseme kwamba anayeondoka anabaki na asilimia zake kwa nyimbo alizoshiriki, na hana sehemu katika nyimbo zitakazofuata. Nyingine iseme jina la bendi linabaki kwa nani. Hakuna anayependa kuandika ukurasa wa pili, na ndiyo maana mara nyingi hauandikwi.

Sasa fedha. Kosa ninaloliona kila mara ni bendi kumaliza akiba yote studio, halafu albamu inatoka bila hata fedha ya kupiga picha. Wekeni mpaka: kurekodi, kumiksi na kufanya masta visizidi nusu ya mlicho nacho. Tuchukulie mmechanga shilingi milioni nne za Tanzania. Milioni mbili ndizo za sauti. Zilizobaki ni za kava, picha, video walau moja, ada za usambazaji, nauli za kwenda redioni na shoo ya uzinduzi. Kama milioni mbili hazitoshi kwa nyimbo 15 mlizonazo, tatizo ni nyimbo 15. Rekodini tisa au kumi zilizo bora. Ukweli ni kwamba msikilizaji asiyewajua ataonja nyimbo mbili tatu, na kila wimbo dhaifu mnaoubakiza unampa sababu ya kuondoka.

Na studio iwe mahali pa kurekodi. Kutunga na kubishana kumalizike mazoezini, maana huko saa haina bei kubwa. Rekodini kila wimbo kwa simu, muusikilize siku mbili baadaye kila mtu akiwa kwake, mrudi na maoni. Mtagundua utangulizi mrefu mno, vesi ya tatu isiyo na kazi, mwendo unaokimbia kiitikio kikifika. Hapo ndipo pa kuanza kupiga na kliki, mdundo wa kupimia mwendo, masikioni, hasa mpiga drams, wiki kadhaa kabla. Bendi iliyozoea kufuatana kwa macho jukwaani huweweseka mara ya kwanza inapolazimika kufuata kliki, na ni afadhali iweweseke kwenu kuliko kwenye studio inayolipiwa kwa saa.

Studio nyingi zetu hutoza kwa wimbo, kwa sababu zimezoea mwimbaji mmoja juu ya biti. Bendi ya vyombo iombe bei ya siku. Siku mbili zilizoandaliwa vizuri zinatosha drams za albamu nzima. Ngozi za drams zibadilishwe mapema, nyuzi za gita na besi zivalishwe siku moja kabla ili zitulie, na mpiga drams aje na vipuri vyake na fimbo za akiba. Ulizeni kuhusu umeme: kama hakuna jenereta wala betri ya kushikilia kompyuta, mwambieni fundi ahifadhi kazi kila baada ya pigo zima. Besi na gita mnaweza kuzimalizia mahali pa gharama nafuu, na sauti hata nyumbani, katika chumba chenye magodoro ukutani na pazia nzito, usiku majirani wakilala. Ndugu watatu wa AJR wa New York walirekodi nyimbo zao sebuleni kwao na kuzitoa chini ya lebo yao wenyewe, na albamu yao ya kwanza, ya 2015, wakaiita hivyo hivyo, Living Room. Chumba hakizuii albamu nzuri. Sauti iliyoingizwa kwa haraka mwimbaji akiwa na mafua, hiyo huizuia.

Wakati wa kumiksi, bendi huharibu kazi kwa kila mmoja kutaka chombo chake kipande. Mteueni mtu mmoja wa kuzungumza na fundi. Wengine waandike maoni yao, ayakusanye, ayapeleke mara moja kwa kila toleo. Sikilizeni kwa sauti ya chini, maana ndipo mtakapojua kama mashairi yanasikika. Sikilizeni kwenye simu bila spika ya nje: besi ikipotea kabisa humo, fundi anaweza kuipa mng'ao kidogo sehemu za juu ili sikio liifuate. Sikilizeni kwenye gari la mtu. Mkishamaliza, masta afanye mtu mwingine mwenye masikio mapya, na msimlazimishe apandishe sauti kupita kiasi. Spotify kwa kawaida husawazisha nyimbo kwenye kiwango cha karibu LUFS 14 chini ya sifuri (LUFS ni kipimo cha ukubwa wa sauti), hivyo wimbo uliobanwa ili upige kelele utashushwa tu, na utabaki umebanwa.

Siku ya kulipa salio ndiyo siku ya kuondoka na mafaili. Si kesho yake. Chukueni masta za WAV zenye biti 24, matoleo yasiyo na sauti, sauti peke yake, na kila chombo kikiwa kwenye faili lake. Toleo lisilo na sauti ndilo litakaloombwa na kituo cha televisheni mkialikwa, na ndilo litakaloulizwa na mtu wa filamu au tangazo. Hifadhini katika diski mbili zinazokaa kwenye nyumba mbili, na nakala ya tatu mtandaoni. Kompyuta za studio huibwa, huungua, hufutwa ili kupisha kazi nyingine, na kuna nyimbo nzuri za miaka ya 2000 ambazo leo zimebaki kwenye MP3 tu kwa sababu hiyo.

Kuhusu usajili nitapita haraka, kwa kuwa taratibu hubadilika na dawati la ofisi litawaeleza vizuri zaidi. Tanzania, jisajilini Baraza la Sanaa la Taifa, BASATA, na mwandikishe kazi zenu katika Ofisi ya Hakimiliki, COSOTA. Kenya, andikisheni kazi katika Bodi ya Hakimiliki, KECOBO, na muwaulize hapo hapo ni vyama vipi vya kukusanya mirabaha vyenye leseni mwaka huo. Kumbukeni mali mbili: mtunzi hujiunga na chama cha watunzi, mpigaji na mwimbaji na cha wasanii watendaji, mwenye masta na cha wamiliki wa rekodi. Mtu mmoja anaweza kuwa na sehemu katika vyote, na anayejiunga na kimoja huacha fedha kwenye vingine.

Ikiwa mmeingiza wimbo wa zamani, ombeni ruhusa kabla ya kurekodi. Watu hudhani mtunzi akishafariki basi wimbo ni wa wote. Sheria ya Kenya inalinda utunzi hadi miaka 50 baada ya mwisho wa mwaka aliofariki mtunzi. Mbaraka Mwinshehe alifariki Januari 1979, kwa hiyo kwa sheria hiyo tungo zake zinalindwa mpaka mwisho wa 2029, na wenye haki zake wapo. Kuchukua kipande cha rekodi yenyewe kunadai ruhusa mbili, ya utunzi na ya masta. Vilevile angalieni vipande vya biti vilivyonunuliwa mtandaoni: kama vimeuzwa kwa watu wengine elfu, msivisajili kwenye mfumo wa YouTube wa kutambua muziki, maana mtaanza kudai fedha za watu wasiowaibia, nao watawadai nyinyi.

Usambazaji wa majukwaani unapitia kampuni ya kati. Zipo zinazotoza ada ya mwaka na kuwaachia mapato yote, zipo zinazotoza mara moja na kukata asilimia. Ada ya mwaka inaonekana nafuu, lakini ulizeni swali moja: siku tukiacha kulipa, nyimbo zitabaki au zitaondolewa? Kwa bendi inayoweza kuvunjika, na kila bendi inaweza, jibu la swali hilo lina uzito kuliko bei. Ulizeni pia kama mnaweza kupokea malipo katika nchi yenu kwa benki au simu, kwa kiasi gani cha chini, na kama kampuni inaweza kugawa mapato moja kwa moja kwa kila mwanabendi. Ikiweza, itawaepusha na ugomvi mwingi. Hakikisheni Boomplay na Audiomack zimo, kwa sababu huko ndiko walipo wasikilizaji wengi wa kwetu.

Kila rekodi itapewa namba ya ISRC, yenye herufi na tarakimu 12. Ziandikeni kwenye lile daftari, kila moja kwenye ukurasa wa wimbo wake. Mkitoa singo kwanza, kisha wimbo huo huo ukaingia kwenye albamu, tumieni faili lile lile na namba ile ile, ili idadi ya waliousikiliza ihesabiwe pamoja. Bendi nyingi hupewa namba mpya bila kujua, na wimbo uliokuwa umeshapendwa unaanza tena sifuri. Angalieni jina la bendi pia. Likifanana na la wengine, nyimbo zenu zinaweza kutua kwenye ukurasa wa kundi la Brazil. Litafuteni kwenye majukwaa yote kabla ya kuchapisha hata fulana moja.

Ratiba ndiyo inayozitofautisha bendi. Nyimbo mpya duniani hutoka Ijumaa tangu Julai 2015, na kwa majukwaa ya mtandaoni hakuna sababu ya kushindana na hilo, ila angalieni kalenda ya kwenu: msitoe albamu ya kucheza katikati ya Ramadhani ikiwa mashabiki wenu wako Mombasa, Tanga na Zanzibar, wala wiki za uchaguzi redio zikiwa hazina nafasi. Kamilisheni mafaili yote walau miezi mitatu kabla. Toeni singo ya kwanza, baada ya wiki sita ya pili, kisha albamu. Sauti Sol walikuwa na "Sura Yako" mitaani tangu 2014 na "Nerea" mwaka uliofuata, hivyo Live and Die in Afrika ilipotoka watu walikuwa wanaijua nusu ya njia.

Spotify inaruhusu kuwapelekea wahariri wake wimbo mmoja ambao haujatoka, na mkiwasilisha walau siku saba kabla, wimbo huo utawafikia wanaowafuata katika orodha yao ya nyimbo mpya za wiki. Siku saba ni ukomo. Pelekeni wiki nne kabla. Katika maelezo, msijisifu. Andikeni wimbo unahusu nini, una vyombo gani, umerekodiwa wapi, na mna mpango gani wa kuutangaza. Fahamuni pia kwamba tangu 2024 jukwaa hilo halilipi mirabaha ya masta kwa wimbo usiofikisha mara 1,000 za kusikilizwa ndani ya miezi 12. Hii ni sababu nyingine ya kutoa nyimbo tisa zinazosikilizwa badala ya 15 zinazopitwa.

Redioni nendeni kwa miguu. Mtangazaji wa kipindi cha usiku katika kituo cha mkoa ana nafasi na muda kuliko yule wa asubuhi wa kituo kikubwa, na atawakumbuka. Mpelekeeni faili safi, picha moja nzuri, aya mbili kuhusu bendi, na majina ya watunzi, ili orodha ya nyimbo zilizopigwa ikipelekwa kwa chama cha mirabaha, majina yenu yawe sahihi. Jina lililokosewa herufi moja linaweza kuwanyima malipo.

CD chapisheni chache kama mna mashabiki wa umri wa kuzihitaji. Wengine watanunua fulana yenye kava, na fulana ina faida zaidi. Kava lenyewe mpeni mchoraji mmoja anayewapenda, mumlipe, mwandikiane ruhusa ya kulitumia kwenye fulana na mabango. Kwa majukwaa liwe mraba wa pikseli 3,000 kwa 3,000, na lisomeke likiwa dogo kama stempu.

Baada ya wiki ya kwanza bendi nyingi huvunjika moyo. Namba ni ndogo, ndugu wameshapongeza, kimya kimeingia. Hapa Just A Band wana somo kubwa kuliko yote. Albamu yao 82 ilitoka 2009. Video ya wimbo "Ha-He" kutoka albamu hiyo ilitoka Machi 2010, wakati ambapo kwa hesabu za wengi albamu ilikuwa imeshapita, ikiwa na shujaa aitwaye Makmende, jina lililokuwa la mitaa ya Nairobi tangu zamani. Wakenya walilichukua Makmende wakalitungia mizaha maelfu, vyombo vya habari vya nje vikaandika, na watu wakarudi kuitafuta bendi. Waliweza kwa sababu walikuwa na ujuzi wa picha wenyewe, na kwa sababu walikuwa wameweka nguvu ya kufanya jambo baada ya albamu. Bakizeni fedha na wazo moja kubwa kwa mwezi wa nne au wa tano: video, toleo la gita tupu, shoo ndogo uani kwa mtu. Ounsworth wa Clap Your Hands Say Yeah amezunguka Marekani akiimba sebuleni kwa mashabiki, watu wachache, tiketi zikiuzwa mapema. Kwa bendi ya kwetu, sherehe za nyumbani na mikahawa midogo vina heshima hiyo hiyo, mradi bei ijulikane na vyombo visikike.

Msisahau miito ya simu, yaani nyimbo anazosikia anayepiga simu akisubiri kupokelewa. Kenya, marekebisho ya sheria ya hakimiliki ya 2022 yanampa mwenye haki asilimia zisizopungua 52 za mapato ya miito hiyo, ilhali kabla ya hapo mgawo ulikuwa wa kulalamikiwa. Wimbo wenye kiitikio kinachoanza mara moja hufaa kuliko ule wenye utangulizi mrefu. Kateni kipande hicho wenyewe, msiachie kampuni ikate popote.

Fedha zikianza kuingia, hata ziwe shilingi elfu ishirini, gawaneni. Fungueni akaunti au namba ya simu ya bendi inayohitaji watu wawili kutoa. Kila miezi mitatu mweka hazina atume ukurasa mmoja: kilichoingia na kutoka wapi, kilichotumika, kilichobaki, fungu la kila mtu. Warudishieni kwanza waliochangia studio, kwa kiasi kile kile walichotoa, ndipo mgawane. Aliyeondoka naye atumiwe ukurasa huo na fungu lake, bila kukumbushwa.

Na albamu ikifanya vizuri, lebo itapiga simu. Msikatae kwa kiburi wala msikubali kwa furaha. Albamu ya kwanza ya Clap Your Hands Say Yeah ilitolewa na Wichita huko Uingereza mwanzoni mwa 2006, wakati Marekani wenyewe walikuwa wakiiuza bila lebo. Huo ndio mfano wa kuuiga: kukodisha, si kuuza. Ulizeni wanataka nchi zipi, kwa miaka mingapi, watatumia fedha kiasi gani kuitangaza na hiyo fedha itakatwa kwenye fungu la nani, tutapata hesabu kila baada ya muda gani, na tarehe ipi masta zinarudi kwetu. Wakisema masta hazirudi, waulizeni bei ya kuzinunua kabisa ni ngapi, mpelekeeni wakili mkataba, na mjibu baada ya wiki mbili.